Mimba ya Mgongoni

Ndugu zangu, kaeni vizuri niwaambie. Na wewe unayependa kusikiliza habari za watu ukiwa umesimama mlangoni, tayari kukimbia kuzipeleka kwingine, kaa na wewe, maana leo ninakusema.

Mimi naitwa Silvana, mama Teodori, muuza masweta ya mtumba hapa Sumbawanga. Nakaa Milanzi. Mji wetu una baridi, na sioni haya kusema kwamba baridi hiyo ndiyo inayonilisha. Mwezi wa sita ukiingia na upepo ukaanza kuvuma, hata mwenye maringo huja kwenye meza yangu kuchambua. Kwa hiyo watu wa mtaa wangu nawajua kwa masweta yao. Ndiyo maana niliona mapema, kabla ya wengine wote, kwamba Klementina amevua lake.

Klementina ni binti wa mzee Sebastiani wa Mwimbi, Mfipa wa kuzaliwa. Wakati huo alikuwa na miaka ishirini na minane. Kazi yake ni kufuma masweta ya shule kwa mashine, yale ya kijani na ya bluu, na anafuma vizuri mpaka walimu wanamfuata nyumbani. Watu walitegemea tugombane kwa kuwa sote tunauza joto. Hatukugombana. Mumewe ni Isakwisa, Mnyakyusa aliyekuja kutoka Mbeya kufanya biashara ya majembe, plau na minyororo ya ng'ombe wa kulimia. Walipofunga ndoa kanisani, mimi na mume wangu ndio tuliokuwa wasimamizi wao. Mnajua msimamizi wa ndoa ni nani. Si mtu wa kutabasamu kwenye picha tu. Ni mtu wa kuitwa nyumba inapowaka moto.

Basi Jumapili moja ya mwezi wa saba, jumuiya yetu ilisali nyumbani kwao. Ilikuwa siku nzuri. Rozari iliisha, chai ya tangawizi ikaletwa na mihogo ya kuchemsha, watu wamejikunyata katika mablanketi na makoti, wanataniana. Upepo nje unapiga filimbi kwenye mabati. Mara Klementina akasimama, akaenda kufungua dirisha. Akabaki pale, uso umelowa jasho, anajipepea kwa kitabu cha nyimbo.

"Klementina," nikamwambia, "unataka kutuua? Funga dirisha hilo."

Watu wakacheka. Mama mkwe wake, mama Elizabeth, alikuwa amekuja kutoka Mbeya kuwatembelea. Akaweka kikombe chini, akatazama huku na huku kama mtu mwenye zawadi mkononi.

"Mwacheni mwanangu," akasema. "Huyo hayuko peke yake. Hedhi hajaiona tangu mwezi wa nne. Mwenye mimba ana moto wake."

Vigelegele vilivyopigwa pale sijui kama nyumba ile imewahi kuvisikia tena. Walikuwa na ndoa ya miaka minne, na miaka minne watu wamesubiri. Isakwisa alicheka mpaka machozi yakamtoka. Nikamtazama Klementina. Alikuwa bado dirishani, na hakuwa anacheka.

Nilimfuata jikoni.

"Ni kweli?"

"Mama Teodori, hedhi sijaiona, hilo ni kweli," akasema kwa sauti ya chini. "Lakini tangu mwaka juzi inakuja, inapotea miezi miwili, inarudi. Joto hili linapanda kutoka kifuani mpaka kichwani, dakika chache, halafu natetemeka kwa baridi. Mashuka naamka nayo yamelowa. Mimi sijawahi kubeba mimba, lakini sidhani kama mimba iko hivi."

"Basi mama mkwe wako ameambiwa na nani?"

"Isakwisa alimwambia mama yake kabla sijapima."

"Basi nenda kapime."

Akaenda zahanati siku mbili baadaye. Wakampima mkojo, hakuna mimba. Muuguzi akamwambia aende hospitali kubwa akaangaliwe kwa nini hedhi haiji. Mambo yangeishia hapo, na mimi nisingekuwa na hadithi ya kuwasimulia. Lakini mama Elizabeth aliposikia majibu, alicheka.

"Kipimo cha mkojo kinaona mimba iliyoko mbele," akasema. "Ya huyu imekimbilia mgongoni."

Msijifanye hamjui anachosema. Ninyi nyote mmeisikia hiyo mimba ya mgongoni. Ya kwamba mtoto akiogopa anahama tumboni, anajificha mgongoni, anakaa huko hata mwaka mzima, mpaka apatikane mtu wa kumkanda mama na kumshusha mtoto taratibu. Nawauliza ninyi mnaotikisa vichwa: anakaa mgongoni sehemu gani? Anapitia wapi kwenda huko? Nimezaa watoto watano na hakuna hata mmoja aliyeniaga kwamba anahamia mgongoni.

Lakini nani alinisikiliza? Akaletwa mkandaji, bibi Agnesi, kutoka upande wa Namanyere. Akampapasa Klementina mgongo, akafumba macho, akasema, "Yupo. Nimemgusa." Isakwisa aliyasikia maneno hayo akiwa mlangoni, na kuanzia hapo hakutaka kusikia mengine. Bibi Agnesi akatoa masharti: asiende hospitali, asichomwe sindano, asimeze kidonge chochote, maana dawa za kizungu zitamtisha mtoto azame zaidi. Na akandwe kila wiki.

Mavuno yalikuwa yamekwisha. Mzee Sebastiani akafunga safari kutoka Mwimbi na debe la ulezi, ulezi mwekundu uliopepetwa vizuri, kwa ajili ya uji wa binti yake atakapojifungua. Mama Elizabeth akalipokea kwa magoti yote mawili. Akalifunga kwa kitambaa, akaliweka stoo.

"Huu ni ulezi wa mzazi," akasema. "Mtu asiuguse mpaka mtoto alie."

Kisha akarudi Mbeya, akaahidi kurudi mwezi wa kumi na mbili kumpokea mjukuu.

Ndugu zangu, tumbo halikukua. Mwezi wa tisa halikukua, wa kumi halikukua. Klementina aliyekuwa akiimba huku mkono wa mashine ukienda na kurudi, sasa anaharibu sweta, analifumua, analia juu ya nyuzi. Viungo vinauma. Usingizi hakuna. Siku moja aliniambia jambo ambalo wanawake hatupendi kulisema, nami nalisema hapa kwa ruhusa yake: mwili wake ulikuwa umekauka, na kulala na mumewe kulikuwa maumivu matupu. Isakwisa akadhani hapendwi tena. Akawa anachelewa dukani hata siku ambazo hakuna wateja.

Na kila wiki anakandwa. Niliuona mgongo ule. Ulikuwa na alama za kucha.

Mwezi wa kumi na mbili mama Elizabeth akarudi na nepi kwenye mkoba. Mwezi wa kwanza ukaja, hakuna mtoto. Watu wa mtaa wakaanza kuhesabu kwa sauti. Mama mmoja wa jumuiya alisema tusiwe na haraka, hata tembo hubeba mimba karibu miaka miwili. Nikamuuliza kama amewahi kuona tembo akifuma sweta. Akanuna. Wengine hawakuwa na huruma ya tembo. Walisema Klementina amemla mtoto. Walisema mji wetu si mgeni wa mambo hayo ya uchawi. Walisema wakati wa usichana wake alifunga kizazi ili afaidi mji. Maneno hayo yalisemwa bombani, huku mwenyewe amepanga foleni na ndoo yake, anasikia.

Na ilikuwa njia ya kutoka bombani iliyomaliza mchezo. Mvua za mwezi wa pili zilikuwa zimelowesha mtaa mzima. Klementina aliteleza, akajishikiza kwa mkono wa kulia. Si anguko la maana. Mtoto wa shule huanguka hivyo mara tatu akicheza, akainuka. Lakini mfupa wa kiwiko cha mkono ulivunjika, na mkono ule ndio ulioendesha mashine.

Mama Elizabeth alisimama mlangoni kwa mikono yote. "Hospitali haendi! Watamchoma sindano! Mtoto je?"

"Mama," Klementina akasema, na mkono wake unaning'inia, "nisogee au nipite juu yako?"

Nawaambia ukweli, nilitaka kupiga kigelegele. Mama Elizabeth alisogea. Isakwisa akaleta bodaboda, mimi nikapanda nyingine nyuma yao, na mama mkwe akaja nyuma yetu sote.

Tulimkuta daktari mwanamke, daktari Angela. Alishughulikia mkono kwanza. Picha ya mfupa ilipotoka aliitazama muda mrefu, akageuka.

"Dada, una miaka mingapi?"

"Ishirini na minane. Mwezi huu natimiza ishirini na tisa."

"Mfupa wa umri wako haupaswi kuvunjika kirahisi hivi. Hedhi yako ya mwisho ilikuwa lini?"

"Ana mimba," mama Elizabeth akajibu.

"Ya miezi mingapi?"

Isakwisa akaanza kuhesabu kwa vidole kutoka mwezi wa nne. Vidole vya mikono yote miwili vikamwishia. Akabaki ameinua viganja, anavitazama. Hapo ndipo nilipomhurumia, kwa sababu nilimwona akielewa.

Daktari Angela hakumcheka mtu. Alimwomba mama Elizabeth asubiri nje, akampima Klementina kwa utrasaundi, mimba hakuna, mbele wala nyuma. Akachukua damu ipelekwe Mbeya, na baada ya zaidi ya mwezi akachukua tena, kwa sababu alisema jambo kama hili halisemwi kwa kubahatisha. Majibu yote mawili yalikuwa sawa. Mama Elizabeth alikuwa amesharudi Mbeya, bado anaamini mjukuu yuko njiani. Siku ya kuelezwa aliingia Klementina na mumewe, na Klementina akanitaka niwepo.

"Kila mwanamke anazaliwa na akiba yake ya mayai," daktari akasema. "Yanakaa kwenye ovari, vifuko viwili kando ya kizazi. Ovari ndizo zinazotoa pia homoni za kike. Kwa kawaida zinapunguza kazi mtu akikaribia miaka hamsini, ndipo hedhi inakoma. Zako zimepungukiwa nguvu mapema sana; tunauita upungufu wa ovari wa kabla ya wakati. Ubongo unabisha hodi kwenye ovari, haupati jibu, unabisha kwa nguvu zaidi. Hicho ndicho kilichoonyeshwa na kipimo cha damu. Joto lile, jasho, kukosa usingizi, ukavu, mfupa kuvunjika, vyote vinatoka hapo."

"Nimefanya nini?" Klementina akauliza.

"Hujafanya kitu. Kuna wanaoupata kwa kurithi, kuna ambao kinga ya mwili inazishambulia ovari, kuna waliotibiwa kansa. Kwa wengi hatupati sababu. Kwako sijaipata bado. Lakini hujalogwa, na hujajiletea."

Kisha Klementina akauliza swali ambalo sote tulikuwa tunaliogopa.

"Nitazaa?"

"Sitakudanganya. Wanawake wachache wenye hali hii hupata mimba bila kutegemea, pengine watano hadi kumi katika mia. Dawa ya kuyarudisha mayai hatuna. Ila dawa ya kukulinda wewe ipo, na hiyo usiichezee. Utameza homoni ambazo mwili wako umekosa, mpaka ufikie umri ambao zingekoma zenyewe, miaka hamsini hivi. Tutakuwa tunakuangalia presha na hali yako. Mifupa, moyo, usingizi, ndoa yako, vyote vinahitaji homoni hizo. Tembea, ota jua, kunywa maziwa, kula dagaa na mifupa yake, kunywa uji wa ulezi. Ulezi una madini mengi ya chokaa, yale ya kujenga mifupa, kuliko nafaka zetu nyingine."

Klementina alilia. Alilia vya kutosha, nami sikumwambia anyamaze, maana mtu aliyepoteza kitu ana haki ya kukililia. Halafu akafuta macho kwa mkono usio na plasta.

"Kwa hiyo wiki zote zile," akasema polepole, "nilikuwa nakandwa bure."

Hasira iliingia pale pale, mbele ya macho yangu. Watu husema hasira hasara. Si kila hasira. Ile ilimnyoosha mgongo.

Alianza dawa. Baada ya miezi miwili joto likapungua, akalala, akaanza tena kuimba kwenye mashine, mkono ukiwa umeunga. Nikamwona siku moja amevaa sweta. Jambo la kawaida kwenu, lakini mimi nilikwenda nyuma ya meza yangu nikafuta machozi.

Isakwisa ndiye aliyeharibu. Si kwa ubaya, kwa woga. Mama yake alipouliza kwenye simu mkeo anameza nini, akasema ni dawa za mkono. Na bibi Agnesi alipouliza habari za mtoto, akasema tunasubiri. Mwanamume anauza plau zinazopasua ardhi ngumu ya Ufipa, na neno moja la kweli limemshinda kumwambia mama yake!

Mwezi wa sita mama Elizabeth akaja bila taarifa. Alikuwa anatandika kitanda cha wanawe akavikuta vidonge chini ya mto. Akavijua mara moja. Baada ya mtoto wake wa saba alipewa kliniki vya aina hiyo hiyo. Vilikuwa vidonge vya majira, vya kupanga uzazi.

Kilio alichokitoa kilifika mpaka kwangu.

Kikao kiliitwa Jumamosi, mchana, sebuleni mwao. Kutoka Mbeya alikuja baba mdogo wa Isakwisa, mzee Jafeti. Kutoka Mwimbi aliitwa mzee Sebastiani, kwa maneno haya: aje kumchukua binti yake. Mimi na mume wangu tulikaa kama wasimamizi. Klementina aliwaamkia wazee wote, "Shikamoo baba, shikamoo mama," mmoja mmoja, akakaa kwenye kigoda.

Mama Elizabeth akaviweka vidonge mezani.

"Miaka mitano nafunga na kusali," akasema, na sauti yake ilikuwa inatetemeka kwa kweli, sitamwonea. "Miaka mitano. Kumbe mwenzangu anameza majira! Anamuua mjukuu wangu kila siku asubuhi!"

Mzee Jafeti akakohoa. "Baba Klementina, utatusamehe. Mwanamke anayekataa kuzaa ukoo hauna kazi naye. Umchukue binti yako kwa amani, na kijana wetu atafute mwingine."

Mzee Sebastiani aliangalia kofia yake. Isakwisa alikuwa ameinamisha kichwa. Mimi nikafungua mdomo, Klementina akaniinulia kiganja.

Akasimama.

"Mama ana haki," akasema. "Hivi ni vidonge vya majira. Hakukosea."

Sebule nzima ikashtuka.

"Mwanamke mwenye mayai akivimeza, anapumzika kuzaa. Mimi mayai yangu yamekwisha kupumzika yenyewe, kabla ya wakati wake. Daktari amenipa hivi kwa sababu ndani yake mna homoni ambazo mwili wangu hauna tena. Bila hizo nilikuwa siwezi kulala. Bila hizo nilivunjika mkono kwa kuteleza. Isakwisa alikuwepo tulipoambiwa. Isakwisa, ulikuwepo?"

Isakwisa akainua kichwa.

"Nilikuwepo," akasema. "Nilikudanganya, mama. Si dawa za mkono. Na mimba haikuwepo kamwe. Mimi ndiye niliyeogopa kukwambia."

"Basi sikilizeni na mimi," Klementina akaendelea. "Sikumla mtoto. Sikufunga kizazi. Sikulogwa na sikumloga mtu. Nina ugonjwa, una jina, umepimwa mara mbili. Nilikandwa mgongo miezi saba kumtafuta mtu ambaye hayupo, nikanyamaza kwa sababu na mimi nilimtaka. Nilimtaka kuliko ninyi nyote. Yawezekana siku moja Mungu akanishangaza, daktari amesema wapo wachache. Lakini sitakaa dirishani kusubiri. Mkitaka kunirudisha Mwimbi, nitakwenda, nitabeba mashine yangu na vidonge vyangu, na watoto wa Mwimbi nao wanasikia baridi. Mnaniita mwanamke asiye na jina la mtoto. Mimi naitwa Klementina. Jina hilo lilinitosha nilipobatizwa, linanitosha na leo."

Akaingia stoo. Tukamsikia akifungua kitambaa. Akatoka na bakuli la ulezi mwekundu, akaliweka mezani kando ya vidonge.

Mama Elizabeth akaruka. "Huo ni wa mzazi! Nilisema usiguswe!"

"Mifupa inayovunjika ni ya nani, mama? Daktari ameniambia ninywe ulezi, na mimi nakaa mwaka mzima nyumba moja na debe zima, nalipita kama la jirani."

"Ni wa mzazi!"

Hapo mzee Sebastiani akanyanyua macho kutoka kwenye kofia yake. Wazee wa kwetu hawana maneno mengi.

"Mkwe," akasema, "ulezi ule niliulima mimi. Sikuuleta kwa mtoto, mtoto sikumjua. Niliuleta kwa binti yangu."

Isakwisa akainuka, akachukua bakuli, akaenda jikoni. Tukasikia kinu, baadaye mwiko kwenye sufuria. Mzee Jafeti alitazama dari wakati wote huo. Mwanamume akitwanga ulezi huku wazee wa ukoo wanasubiri, hilo hakuwahi kuliona. Isakwisa akarudi na kikombe cha uji wa moto, akakishika kwa mikono miwili, akampa mkewe.

Klementina akachukua kidonge mezani. Akakiinua kidogo ili kila mtu akione, akakiweka mdomoni, akakisindikiza kwa uji, taratibu, mpaka kikombe kikabaki kitupu.

"Karibuni chakula," akasema.

Mama Elizabeth aliondoka na basi la asubuhi kwenda Mbeya. Hajaomba radhi mpaka leo. Mzee Jafeti anasalimia kwenye simu kana kwamba hakuna kilichotokea. Bibi Agnesi bado anakanda migongo ya watu, na ana wateja. Sikuwaahidi hadithi ya watu wote kugeuka malaika.

Lakini Klementina hakurudishwa Mwimbi. Alikwenda mwenyewe, likizo, akamleta mdogo wake Gaudiosa, mwenye miaka ishirini na mmoja, ambaye hedhi yake nayo ilikuwa imeanza kurukaruka. Alimpeleka kwa daktari Angela kabla mtu yeyote hajapiga kigelegele. Daktari amesema mambo ya aina hii wakati mwingine hutembea katika familia, na vizuri kuwahi.

Mnauliza, mtoto je? Najua mnauliza, maana mnaniuliza kila siku kwenye meza yangu, mmeshika sweta ambalo hamna nia ya kulinunua. Isakwisa na mkewe wamekwenda kuuliza habari za kulea mtoto aliyekosa wazazi. Watafanya au hawatafanya, ni nyumba yao. Wewe funga mlango wako.

MAFUNZO

Wahenga walisema mficha uchi hazai. Klementina alifichua, na bado hakuzaa, lakini alipona, na kupona ni kitu kizima, si nusu ya kitu.

Msichana au mwanamke ambaye hajafika miaka arobaini, hedhi ikikata miezi mitatu au minne, au ikiwa inapotea na kurudi, na mimba hakuna, aende hospitali. Asipelekwe kukandwa. Hakuna mimba ya mgongoni. Kila mwezi unaopita kumtafuta mtoto wa mgongoni ni mwezi wa mifupa kudhoofika. Na akipewa dawa za homoni, azimeze na arudi kuangaliwa kama alivyoelekezwa; asiziache kwa sababu jirani anazifahamu kwa jina jingine.

Wanaume, uwongo mdogo wa kumridhisha mama unaweza kumvunja mke. Sema kweli mapema, hata sauti ikitetemeka. Wakwe, mjukuu ni baraka, lakini aliye mbele yako tayari ni mtoto wa mtu, na baba yake alimlimia ulezi. Tumbo la mwanamke si shamba la ukoo, na uzima wake hausubiri mtu mwingine azaliwe kwanza.

Na wewe uliyebaki mlangoni, ukimwona mwanamke kijana amevua sweta katikati ya baridi ya mwezi wa saba, usimhesabie miezi. Muulize kama amekwenda hospitali. Kama anaogopa kwenda peke yake, mlete kwangu nimsindikize. Sweta nitamuuzia akipona.